Rungu Halimtulizi Mbwa

Kuna imani sugu huku kwetu, kuanzia Lokitaung hadi Lodwar na Kakuma: mbwa akionyesha meno, mwonyeshe rungu. Vijana humkandamiza mchangani, mmoja akamkaza kamba shingoni, ndipo atolewe kupe au apewe dawa ya minyoo. Akiacha kupapatika, eti ametulia. Utulivu gani huo? Ni woga uliokosa pa kukimbilia.

Wanaotetea rungu husema mbwa wa boma si wa kubembelezwa kama mbwa wa matajiri wa Nairobi. Mimi nasema ndiye hasa anayestahili subira. Turkana imejulikana duniani kwa miongo mingi kwa uvimbe wa maji wa ini na mapafu, ugonjwa unaoletwa na mayai ya tegu wa mbwa. Shirika la afya la Amref lilianza kampeni dhidi yake mwaka 1983. Dawa ya prazikwanteli humuua tegu, lakini mbwa akila tena matumbo ya mifugo yenye ugonjwa, tegu wapya hukomaa na kutaga baada ya wiki 6 hivi. Kwa hiyo mbwa huyo huyo lazima akubali kushikwa tena na tena. Uliyemkandamiza Januari, mwezi Machi atakuwa ng'ambo ya laga kabla hujamwita. Dawa inabaki mkobani, mayai yanabaki manyoyani, na mtoto anamkumbatia.

Kibaya zaidi, mbwa anayechapwa kila akinguruma hujifunza kuuma bila kunguruma.

Amshike anayemlisha, na mara nyingi huyo ni mama wa boma. Aje kabla jua halijawa kali, asimkodolee macho, akae ubavuni pake, amguse bega kabla ya kichwa. Siku ya kwanza ampe kipande cha nyama tu, kupe watangoja. Kidonge kifichwe ndani ya nyama, ila isiwe ini lenye vifuko vya maji, usije ukampa dawa na ugonjwa kwa tonge moja. Ikibidi mdomo ufungwe kwa kitambaa, iwe kwa muda mfupi mno: mbwa hupoza mwili kwa kuhema, na joto letu mnalijua.

Aliyebadilika tabia ghafla, anayetokwa mate na kuuma ovyo, huenda ana kichaa cha mbwa; huyo asiguswe. Aitwe daktari wa mifugo. Aliyeumwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji tele kwa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo.

Kwa wengine wote, timu ya chanjo ikifika, iache kamba garini na imngoje mama arudi kutoka kisimani.