Miaka Miwili ya Mkamba: Sarufi, Akili na Ushahidi katika Nadharia ya Wakati ya John Mbiti

Kuna kauli moja ambayo baadhi ya wahakiki wa fasihi ya Kiswahili wameigeuza kuwa hodi ya kuingilia kila riwaya isiyokwenda kwa mstari ulionyooka. Kauli yenyewe ni kwamba Mwafrika hana dhana ya wakati ujao ulio mbali. Kwamba akili yake imegeukia nyuma, kwenye yaliyokwisha kutendeka, na mbele haioni zaidi ya hatua chache. Mhakiki huitoa kauli hiyo bila kuitetea, humtaja John Mbiti na mwaka 1969, kisha huendelea na safari yake kana kwamba jambo limekwisha kuthibitishwa. Mwanafunzi huinakili katika tasnifu, mwalimu huipitisha, na baada ya miaka michache rai ya mtu mmoja huwa imepata hadhi ya ujuzi pasipo kupita popote penye mizani.

Mbiti, aliyezaliwa Mulango, Kitui, mwaka 1931 na kufariki Uswisi mwaka 2019, anastahili kusomwa kwa uangalifu mkubwa zaidi ya huo. Kitabu chake *African Religions and Philosophy* kilitoka wakati alipokuwa akifundisha Makerere, na kilitoka katika mazingira ambamo maandishi mengi ya wamisionari na ya watumishi wa ukoloni yalikuwa yameiita dini ya Mwafrika ushirikina au kutokuwa na dini kabisa. Yeye aliandika kama mtu wa ndani, akasema kwamba dini ipo, ina mpango, na inagusa kila pembe ya maisha. Deni hilo ni kubwa, na anayelikana hana shukrani. Lakini heshima anayostahili mtu haiwezi kufanywa ushahidi wa hoja zake, na hoja yake kuhusu wakati ndiyo iliyo dhaifu kuliko zote na ndiyo iliyoenea kuliko zote.

Msingi wa hoja hiyo ni jedwali. Mbiti alipanga nyakati tisa za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu, akaona kwamba zinazohusu wakati ujao ni tatu tu, na kwamba zinafika kiasi cha miezi sita, au zikizidi sana, miaka miwili. Kutoka hapo alihitimisha kwamba tukio lililo nje ya mpaka huo haliwezi kufikirika kama sehemu ya wakati. Halijatendeka, halina lugha ya kulisemea, kwa hiyo halimo katika fahamu ya watu. Eneo linaloishi akili aliliita *sasa*, na bahari kubwa ambamo matukio yote huzama aliiita *zamani*. Kisha mpaka huo, uliopatikana katika lugha mbili za jamii jirani za Kenya, ukatandazwa juu ya bara zima.

Ajabu ya kwanza ni majina hayo. Sasa na zamani ni maneno ya Kiswahili, na yote mawili yana asili ya Kiarabu. Mtafiti anayesoma umbo la akili ya Mkamba katika sarufi ya Kikamba amelazimika kuazima pwani majina ya vyumba viwili vikuu vya akili hiyo. Sababu aliyoitoa, ya kukwepa maana zilizoshikamana na maneno ya Kiingereza, inaeleweka. Hata hivyo, inaonyesha kwamba mwandishi mwenyewe aliamini kuwa dhana na neno ni vitu viwili vinavyoweza kutenganishwa, na kwamba mtu anaweza kulibeba wazo la lugha moja katika chombo cha lugha nyingine lisimwagike. Akilikubali hilo kwa sasa na zamani, kwa nini alikatae kwa wakati ujao?

Kanuni hiyohiyo na ipimwe kwa Kiswahili. Lugha hii ina *kesho*, *kesho kutwa*, *mtondo* na *mtondogoo*. Baada ya hapo msemaji hana neno moja, sharti ahesabu. Kwa mantiki ya jedwali, Mswahili aliyeamka Jumapili hana ulimwengu baada ya Alhamisi. Na huyo ndiye aliyejenga biashara yake juu ya kaskazi na kusi, akisafiri kwa pepo za miezi hii huku akijua ni pepo za miezi ipi zitakazomrudisha. Isitoshe, kiambishi *-ta-* kinachobeba wakati ujao kimetokana na kitenzi *taka*, na asili yake ingali wazi katika umbo kama *atakayekuja*. Kiingereza nacho hakina mnyambuliko wa kitenzi kwa wakati ujao. Hutumia neno saidizi ambalo zamani lilikuwa na maana hiyohiyo ya kutaka. Hata hivyo hakuna mwanafalsafa aliyediriki kudai kwamba Mwingereza hana kesho bali ana matakwa tu. Kipimo kinachotumiwa kwa Kitui peke yake hakiwezi kuitwa kipimo.

Mbiti hakuwa wa kwanza kupita njia hii. Placide Tempels alikuwa amekwisha kuisemea akili ya Wabantu mwaka 1945, na Alexis Kagame, mwaka 1956, alichukua ngeli za Kinyarwanda akazifanya kuwa mafungu manne ya uwepo: muntu, kintu, hantu na kuntu. Kwa njia hiyo mtu angeweza kukuta kwamba Mswahili humhesabu kipofu, kiziwi na kijana katika kundi moja na kiti. Paulin Hountondji aliishambulia vikali tabia hii ya kuichukua jamii nzima kuwa mwanafalsafa mmoja asiye na jina. Kwame Gyekye alionyesha mwaka 1987 kwamba lugha na fikra za Waakan hazikubaliani na mpaka wa Mbiti. Henry Odera Oruka naye, mjini Nairobi, alikwenda kwa wazee mmoja mmoja, akawauliza, akawabishia, akayaandika majina yao. Kwake hekima ilikuwa ya mtu mwenye kutoa sababu, ambaye anaweza kutofautiana na jirani yake.

Lakini kuonyesha kwamba Waakan wako tofauti hakutoshi, kwa kuwa mtetezi wa Mbiti atajibu kwamba basi nadharia na ibaki kwa Wakamba. Hapo ndipo mahali pa kuikamata.

Akili ya mtu mwingine haionekani. Kinachoonekana ni maneno yake na matendo yake, na kutoka humo mtazamaji hukisia anachokifikiri. Kisio hilo laweza kuwa la haki au lisiwe la haki, kutegemea ushahidi uliokusanywa na ule ulioachwa. Nyakati za vitenzi ni ushahidi mdogo mno. Zinaonyesha kile ambacho lugha humlazimisha msemaji kukitaja kila afunguapo kinywa. Hazionyeshi kile anachoweza kukifikiri anapotulia. Kikamba humtaka msemaji apambanue kama jambo lilitendeka leo, juzi au kale, na huo ni utajiri wa kitenzi chake. Kitenzi kikikoma, msemaji hubaki na nomino, hesabu, misimu, majina ya vizazi, na masharti ya *kama* na *iwapo*. Anayehukumu akili kwa vitenzi pekee amemhoji shahidi mmoja katika kesi yenye mashahidi kumi.

Na mmoja wa mashahidi walioachwa yumo ndani ya kitabu chenyewe. Mbiti anafundisha, na anafundisha vizuri, kwamba marehemu hubaki karibu na jamaa zake kwa muda wote anapokumbukwa kwa jina, na kwamba hali hiyo hudumu hadi vizazi vinne au vitano. Anafundisha pia kwamba sababu mojawapo kuu ya kuoa na kuzaa ni kupata watakaomkumbuka mtu huyo baada ya kufa. Asiye na mtoto amekufa kifo kisicho na dawa. Maelezo haya ni kati ya sehemu nzuri kabisa za kitabu. Lakini na yasomwe kando ya jedwali. Kijana anayetamani mwana ili akumbukwe anafikiria siku ambayo yeye mwenyewe hatakuwapo, na wajukuu ambao wazazi wao hawajazaliwa. Vizazi vinne ni karibu miaka mia. Mtu ambaye akili yake hukoma baada ya miaka miwili hawezi kuwa na hofu hiyo wala tamaa hiyo. Kwa hiyo ama jedwali linasema kweli na sura za ndoa na kifo zimekosea, ama sura hizo ni za kweli na jedwali limekosea. Kila aliyewahi kukaa katika boma la Mkamba anajua lipi la kuachwa.

Kiapo cha kithitu kinasema vivyo hivyo. Mwenye kuapa hukubali kwamba akisema uongo madhara yatamfikia yeye na jamaa zake, na madhara hayo hayakutazamiwa yaje jioni ileile. Jamii ilikaa ikingoja. Kiapo hiki kina thamani ya pekee kwa mjadala wa imani na ushahidi, kwa kuwa ni chombo kilichobuniwa mahususi kwa hali ambamo neno la mtu lilikuwa limepingana na neno la mwingine na hapakuwa na shahidi wa tatu. Watu waliokitumia walijua tofauti kati ya kusema, kuamini na kuthibitisha. Nao waliukabidhi wakati ujao kazi ya kuthibitisha.

Kisha yuko Syokimau. Mapokeo ya Wakamba yanamtaja kama nabii mwanamke aliyeona nyoka mrefu atakayetoka kwenye maji hadi kwenye maji, na watu wa rangi ngeni wenye kubeba moto mifukoni. Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896, ikapita Kibwezi na Makindu katika nchi ambayo leo ni Makueni, ikafika Nairobi mwaka 1899 na ziwani mwaka 1901. Msomaji mwenye shaka atauliza mara moja: nani alijuaje kwamba maneno hayo yalisemwa kabla ya reli? Shaka hiyo ni halali. Utabiri unaosimuliwa baada ya tukio hauwezi kuthibitisha kwamba mtabiri aliona. Lakini haidhuru hata kidogo katika mjadala huu. Hata kama hadithi yote ilitungwa baada ya garimoshi la kwanza kupiga honi Makindu, mtungaji wake alifikiri kwamba mwanamke wa kale angeweza kusema habari za miaka mingi mbele, na wasikilizaji wake wakamwelewa. Ushahidi unaohitajika hapa ni wa kueleweka kwa kauli tu. Ukweli wa maono ni kesi nyingine.

Watetezi wana kimbilio moja, nalo limo kwa Mbiti mwenyewe: kwamba shule, Ukristo na teknolojia ya kisasa vimeanza kuurefusha wakati ujao wa Mwafrika. Hivyo, wanasema, matuta yaliyochimbwa na vikundi vya mwethya katika milima ya Machakos na Makueni, ambayo Tiffen, Mortimore na Gichuki waliyaeleza kwa kina mwaka 1994, au miembe inayopandwa leo Makueni kwa mavuno ya miaka ijayo, ni dalili ya akili mpya. Kimbilio hili linaiangusha nyumba yote. Wachimbaji wa matuta hawakupewa vitenzi vipya. Ikiwa Mkamba anaweza kuupanga mwongo mzima kwa sarufi ileile aliyoachiwa na bibi yake, basi sarufi hiyo haikuwa imemfungia mlango.

Hasara ya haya yote katika uhakiki ni kubwa kuliko inavyodhaniwa. Mhakiki anaposoma *Nagona* (1990) na *Mzingile* (1991) za Euphrase Kezilahabi, akakuta wakati uliovunjwavunjwa, kisha akaeleza kwamba huo ndio wakati wa Kiafrika, amemnyang'anya mwandishi kazi yake. Kezilahabi aliandika tasnifu ya udaktari kuhusu falsafa ya Kiafrika na tatizo la ufasiri wa fasihi, aliyoikamilisha Wisconsin mwaka 1985. Mtu huyo aliuvunja wakati kwa makusudi, akijua anachokivunja. Kuuita uamuzi wake desturi ya kabila ni kumhesabu kama kitenzi kingine katika jedwali. Na *Kusadikika* ya Shaaban Robert (1951) ifanyweje, ambamo Karama anasimama barazani kuwatetea wajumbe walioteseka kwa ajili ya nchi iliyo bora ambayo bado haijaonekana? Mwenye nadharia hii sharti aseme kwamba Shaaban Robert aliazima matumaini hayo kwa wageni. Wapo wanaokaribia kusema hivyo, na hawaoni haya.

Mbiti mwenyewe alirudi kwenye Kikamba uzeeni. Alilitafsiri Agano Jipya zima kutoka Kiyunani, na tafsiri hiyo ikatoka mwaka 2014. Ndani yake kimo kitabu cha Ufunuo, chenye miaka elfu moja ya utawala, mbingu mpya na nchi mpya, kwa vitenzi vya Mulango.