Usiokote DLL Mtandaoni

Ukifungua programu na Windows ikalalamika kwamba MSVCP140.dll haipo, usikimbilie zile tovuti zinazogawa faili hiyo peke yake. DLL ni maktaba ya maagizo ambayo programu nyingi huazima kwa pamoja. Ukiokota ya mtu usiyemjua, maagizo yake yataendeshwa kwa ruhusa zako wewe, na nywila zako huenda zikaenda nayo.

Dawa ni ya bure: pakua Visual C++ Redistributable kutoka kwa Microsoft wenyewe. Weka x86 na x64 zote mbili, maana programu ya biti 32 haiwezi kutumia DLL ya biti 64.

Nasi tunaoandika programu tuache uvivu. Kisakinishi kije na maktaba zake. Mteja hakununua fumbo.