Mlinda Mlango Naye Ana Haki Yake

Katika watu kumi na mmoja wanaoingia uwanjani hakuna anayehukumiwa kwa sheria kali kama mlinda mlango, kwani mshambuliaji aweza kukosa mabao manne, akafunga la tano, na watu wakambeba mabegani, ilhali golikipa aweza kuokoa mashuti manane, akateleza kwa la tisa, na jioni ile ile jina lake likatajwa kwa shutuma vilabuni, sokoni na hata mlangoni pa kanisa. Nayaandika haya kwa ajili ya wenzangu wa Mvumi na vijiji vya jirani katika Wilaya ya Chamwino, ambako baada ya mavuno ya uwele na mtama vijana wetu hushindana mpira juu ya ardhi ngumu isiyo na nyasi, na ambako nimesikia kwa masikio yangu mtoto wa watu akitukaniwa mama yake mzazi kwa kosa la kufungwa bao. Jambo hili ni dhuluma, na dhuluma haipungui uzito kwa kuwa imetendwa michezoni.

Wahispania, ambao mpira kwao ni karibu na ibada, wana desturi moja ambayo twastahili kuitazama. Ricardo Zamora, aliyezaliwa Barcelona mwaka 1901 na kulinda lango la nchi yake katika Kombe la Dunia la 1934 kule Italia, amepewa heshima ya tuzo ya kila mwaka ya magolikipa wa ligi ya huko kuitwa kwa jina lake. Na gazeti la Marca, linaloitoa tuzo hiyo, halisikilizi kelele za mashabiki wala halikumbuki bao moja la aibu, bali huyachukua mabao yote aliyofungwa mtu msimu mzima, likayagawa kwa idadi ya mechi alizocheza, na mwenye hesabu ndogo kuliko wenzake ndiye mshindi. Mizani hiyo haikukamilika, maana golikipa mwenye mabeki wazembe huadhibiwa kwa uzembe wao, lakini ndani yake mna insafu ambayo sisi hatuna: mtu hupimwa kwa kazi yake yote.

Aliyeonja utamu na uchungu wa kazi hiyo ni Iker Casillas, ambaye Real Madrid ilimlea tangu utotoni. Mwaka 2010, kombe lilipochezwa Afrika Kusini, Hispania ilifungwa 1–0 na Uswisi katika mechi yake ya kwanza mjini Durban, na lawama zikamwangukia yeye, nahodha, hata mambo ya nyumba yake yakaingizwa katika maneno. Laiti mwalimu wake angezifuata ghadhabu za siku ile, historia ingeandikwa vingine. Kwani tangu hatua ya mtoano hadi fainali Casillas hakufungwa hata bao moja, akaudaka mkwaju wa penalti wa Cardozo wa Paraguay, na katika fainali akauzuia kwa mguu mpira wa Robben wa Uholanzi aliyekuwa amebaki naye ana kwa ana. Timu yake ilishinda mechi nne mfululizo kwa bao moja moja, na aliyeielewa hesabu hiyo ataona kwamba ushindi wa namna hiyo hutegemea mikono ya mtu wa nyuma sawasawa na miguu ya mtu wa mbele. Na bado, miaka michache baadaye, uwanja wa kwao wenyewe ulimzomea, na Julai 2015 aliagana na waandishi wa habari akiwa peke yake mezani, akilia, kabla ya kwenda Porto.

Lakini hatuna haja ya kuvuka bahari kutafuta mfano. Juma Kaseja, mzaliwa wa Kigoma, alikuwa kijana wa miaka 18 tu mwaka 2003 Simba ilipokwenda Cairo kurudiana na Zamalek, mabingwa watetezi wa Afrika, ikiwa na mtaji wa bao moja la Dar es Salaam. Wamisri wakalirudisha bao lile, ikaja mikwaju ya penalti mbele ya umati ulioshangilia kila tuta la wenyeji, na Simba, ikiwa na kijana yule langoni, ikamvua ubingwa Zamalek na kuingia hatua ya makundi. Mashabiki wakamwita Tanzania One. Mei 2012, Simba ilipoifunga Yanga 5–0, yeye nahodha aliliacha lango lake, akaenda kupiga penalti upande wa pili, akafunga.

Mwaka mmoja tu baadaye mkataba wake Simba ulikwisha na haukurefushwa. Akaenda Yanga, na Desemba ya mwaka ule ule wa 2013 Yanga ikafungwa na Simba 3–1 yeye akiwa langoni. Nanyi mlio na umri wa kukumbuka mwajua maneno yaliyosemwa, kwa hiyo sina sababu ya kuyarudia. Wengi walihukumu kwamba amekwisha. Lakini yeye hakuacha mpira. Alikwenda Mbeya City, kisha Kagera Sugar, kisha KMC, vilabu visivyo na umati wala fahari ya Kariakoo, akaendelea kucheza mpaka mwaka 2019, akiwa na miaka 34, timu ya taifa, Taifa Stars, ilipomrudia. Mwezi Agosti, katika uwanja wa Kasarani, Kenya ilitolewa kwa matuta 4–1. Mwezi Septemba, Dar es Salaam, Burundi ikatolewa kwa matuta 3–0, yaani Warundi hawakupata hata tuta moja mbele yake. Mtu huyo ndiye tuliyemzika angali hai kwa miaka sita! Subira yake naisifu kwa moyo wote, walakini haifai nchi itegemee subira ya mtu mmoja kufidia ukosefu wa haki wa watu wengi.

Waama, hapa Mvumi dhambi yetu huanza mapema zaidi, kwani golikipa wa kijiji aghalabu ni yule aliyekosa nafasi kwingine, huambiwa akae golini bila glovu na bila mwalimu, kisha tukashangaa akiukwepa mpira. Hauogopi mpira, aogopa ardhi, ambayo jua la Agosti limeikausha ikamchuna magoti na viwiko. Tangu mwaka 2020 Dodoma Jiji imo katika Ligi Kuu, na Uwanja wa Jamhuri mjini Dodoma si safari ndefu kutoka kwetu. Wapelekeni vijana hawa wakawatazame magolikipa wa ligi wanavyosimama, wanavyowapanga mabeki kwa sauti, wanavyoanguka kwa ubavu badala ya kiwiko.

Nanyi viongozi wa timu, mkatazeni shabiki anayemtukana mlinda mlango kama mnavyomkataza anayemrushia mwamuzi mawe, na msimbadilishe mtu kwa kosa la mechi moja kabla hamjazihesabu mechi zake zote. Mito yetu ikaukayo kiangazi imejaa mchanga laini usio na bei. Enyi wenye mikokoteni ya punda, kabla mashindano ya mwaka huu hayajaanza, leteni mchanga huo mmwage mbele ya milango yote miwili.