Je, Haki Ina Wenyewe?

Ziko hoja mbili, msomaji, ambazo hutakosa kuzisikia kila mara watu wakutanapo kujadili haki za binadamu. Ya kwanza husema ya kuwa haki hizo ni vazi la kigeni, lililoshonwa Ulaya kwa kipimo cha Ulaya, na kwamba sisi tukilivaa twajichekesha. Ya pili husema wengi wape: yaani jambo likiwafaa watu elfu, yule mmoja anayeumizwa nalo na avumilie. Hoja hizi huonekana kama wageni wasiojuana, walakini ni ndugu wa tumbo moja. Zote husema haki ina wenyewe, na asiye mwenyewe na akae nje. Mimi nazipinga zote mbili. Nakuomba nawe usizikubali wala kuzikataa kabla ya kuzipima.

Hoja ya kwanza haikuzuka bure. Mwaka 1859 Mwingereza John Stuart Mill alichapisha kitabu juu ya uhuru ambacho hata leo husomeshwa katika vyuo vikuu. Alifundisha ya kuwa serikali, na hata umma mzima kwa pamoja, hauna ruhusa ya kumzuia mtu mzima kufanya apendalo, ila kwa sababu moja tu, nayo ni kuwakinga wengine na madhara. Ni fundisho jema. Lakini mapema katika kitabu hicho hicho mlango ulifungwa: uhuru huo, alisema, si wa watoto, wala si wa mataifa ambayo yeye aliyaona kuwa yangali utotoni. Hao wangeweza kutawaliwa kwa amri tupu, mradi mtawala awe na nia ya kuwaendeleza. Ajabu hii huanza kueleweka ukijua kazi ya mwandishi. Tangu mwaka 1823, akiwa kijana wa miaka 17, hata mwaka 1858, alikuwa mtumishi wa Kampuni ya India ya Mashariki mjini London. Kalamu ile ile iliyoutetea uhuru iliandika barua za kuwatawala mamilioni ya Wahindi, ambao hakupata hata mara moja kufika kwao.

Sisemi Mill alikuwa mtu mwovu. Mwaka 1867 alisimama bungeni kutaka wanawake wapewe kura, ingawa alishindwa. Na gavana wa Jamaika alipozima maasi ya mwaka 1865 kwa kuua mamia ya watu weusi, Mill alikuwa mstari wa mbele kudai gavana huyo ashtakiwe. Kosa lake ni jingine. Alipokata shauri nani anastahili uhuru, alikuwa akikijua kiti chake mwenyewe, na kiti hicho kilikuwa cha mtawala.

Basi, tulitupe fundisho kwa sababu mwalimu alilifupisha? Hapa ndipo wenye hoja ya kwanza wanapojikwaa. Mwaka 1789 Wafaransa walitangaza haki za binadamu na za raia, huku watumwa karibu nusu milioni wakilima miwa na kahawa katika koloni lao la Saint-Domingue. Watumwa wale hawakuhitaji karatasi kuwaambia ya kuwa mjeledi unauma. Lakini hawakusema pia, Haya ni maneno ya mabwana zetu, hayatuhusu. Waliinuka mwezi wa Agosti 1791. Mwaka 1794 Ufaransa ililazimika kuufuta utumwa. Napoleon alipotaka kuurudisha, walipigana tena. Na siku ya kwanza ya mwaka 1804 waliunda dola yao, Haiti. Tangazo liliandikwa Ufaransa, lakini waliolichukua kwa uzito wake wote ni watu wa mashamba ya miwa.

Kwetu nako mambo yalikuwa hayo hayo. Uingereza ilipiga kura kulikubali Tangazo la Haki za Binadamu mwaka 1948. Miaka minne baadaye ilitangaza hali ya hatari katika Kenya, na mpaka ilipoondolewa mwaka 1960 maelfu kwa maelfu walikuwa wamefungwa kambini bila ya kuhukumiwa, na wengi waliteswa. Mwaka 2013 serikali ya Uingereza ilitamka majuto yake bungeni, ikakubali kuwalipa Wakenya 5,228. Wazee wale hawakuipeleka kesi yao London kwa kusema haki ni mali ya wazungu. Walisema wao nao ni watu. Anayetuambia leo ya kuwa haki ni ya kigeni, hakika anayarudia maneno ya mlinzi wa kambi.

Na sasa tuitazame hoja ya pili, maana hii ndiyo yenye hatari zaidi. Husemwa na watu wema. Wengi wape! Ni nani asiyependa faida ya wengi? Mwamerika John Rawls aliijibu hoja hii katika kitabu chake juu ya nadharia ya haki, kilichotoka mwaka 1971. Wahenga wetu walisema mwenye kisu kikali ndiye mla nyama. Rawls alitaka mwenye kisu akate nyama bila ya kujua fungu lipi litakuwa lake. Fikiri ya kuwa watu wanakutana kuweka kanuni za nchi yao, na mbele ya macho yao limeshushwa pazia: hakuna ajuaye kama atazaliwa tajiri au fukara, mzima au kilema, wa kabila kubwa au dogo. Je, mtu huyo atatia sahihi sheria isemayo wachache watolewe kafara kwa faida ya wengi? Hatatia, kwa kuwa yeye mwenyewe aweza kuwa ndiye kafara. Atataka kwanza uhuru ulio sawa kwa wote. Na tofauti za mali, kama hazina budi kuwapo, ziwafae hata walio chini kabisa.

Hata pazia hili halikuwa bila ya tundu. Charles Mills, mwanafalsafa aliyekulia Jamaika (jina lake lakaribiana na la yule wa kwanza, lakini fikira zao ziko mbali), aliandika mwaka 1997 ya kuwa mapatano ambayo wanafalsafa hupenda kuyasimulia yalikuwa kwa kweli mapatano ya watu weupe wao kwa wao. Lawama hiyo ni ya haki. Dawa yake ni kulishusha pazia mpaka chini, si kulichana.

Tulishushe basi hapa petu. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 19, yasema ya kuwa haki ni za kila mtu, wala hazitolewi na dola. Hata hivyo walikuwako Kwale Wamakonde ambao wazee wao walitoka Msumbiji kuja kufanya kazi mashambani. Watoto na wajukuu walizaliwa hapa, wakakua hapa, bila ya kitambulisho. Na asiye na kitambulisho hapigi kura, wala hafungui hesabu ya benki. Walikuwa watu elfu chache kati ya zaidi ya milioni 40. Wengi hawakupungukiwa na kitu kwa kuwasahau. Mwezi wa Oktoba 2016 mamia yao walianza safari ya miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi, wakaonana na Rais, na kabla ya mwaka kwisha vitambulisho vikaanza kutolewa. Wapemba wa pwani walingoja hata mwaka 2023. Kama ungeulizwa kabla ya kuzaliwa, hujui bado utaangukia nyumba gani, ungekubali kungoja miaka mingapi?