Jiwe si breki: wenye magari Bukavu wakaze kable ya breki ya mkono kabla mtu hajafa

BUKAVU — Kwenye miteremko ya Kadutu, Ibanda na Bagira, jambo moja linarudiwa kutwa nzima. Gari linasimama. Mlango unafunguka kabla gurudumu halijatulia, konvoyeri anaruka na jiwe au kipande cha mti mkononi, anakimbilia nyuma na kukichomeka chini ya gurudumu. Dereva anaachia pedali. Gari linarudi nyuma kidogo, linaegemea jiwe, abiria wanashuka na kila mtu anashika njia yake.

Wakaaji wamezoea hali hiyo hata wengine wanaiita ujuzi wa dereva. Ni uzembe tu uliopewa jina zuri. Gari lile lilitoka kiwandani likiwa na breki ya mkono, yaani kifaa kilichotengenezwa kwa kazi hiyo moja: kulishika gari kwenye mlima wakati dereva hayupo. Kifaa bado kimo ndani ya gari. Kimelegea tu, na mwenye gari amekataa kukikaza.

Hesabu ni rahisi. Gari dogo la kilo 1,200 likisimama kwenye mteremko wa asilimia 15, uzito wake unalivuta kuelekea chini kwa nguvu ya karibu kilo 180. Ongeza abiria watano, magunia mawili ya makala na mabidoni ya mafuta ya ngazi, na nguvu hiyo inapita kilo 240. Mzigo huo wote unategemea jiwe lililookotwa kando ya barabara, lenye umbo lolote, juu ya udongo ambao mvua ikinyesha unakuwa kama sabuni.

Na chini ya mteremko kuna nani? Hapo ndipo shauri hili linapoacha kuwa la mekanisiye peke yake. Kando ya barabara za Bukavu, na kule Minova, wamejaa wakaaji ambao hawana mahali pengine pa kutafuta chakula. Wengi wao ni familia zilizokimbia vita kutoka Kalehe, Masisi na Rutshuru. Mama ametandika kitambaa chini, amepanga mafungu ya sambaza na nyanya, mtoto mchanga yuko mgongoni na mwingine anacheza pembeni. Hana duka lenye ukuta. Ukuta wake ni hewa. Gari likiteleza kutoka juu halipigi honi, kwa sababu ndani hakuna mtu. Watu waliopona risasi wasije kuuawa na gari ambalo mwenye nalo hakutaka kulikaza.

Yuko pia konvoyeri mwenyewe. Mara nyingi ni kijana mdogo, analipwa kwa siku, na kazi yake ni kuingiza mkono chini ya gurudumu la gari ambalo bado linatembea. Vidole vyake ndivyo breki ya mkono ya gari hilo. Mwenye gari anayejivunia kwamba gari lake halijawahi kuteleza aangalie kwanza mikono ya kijana huyo.

Sheria haina shaka juu ya jambo hili. Kongo ni nchi mwanachama wa Mapatano ya Vienna ya mwaka 1968 juu ya usafiri wa barabarani. Mapatano hayo yanadai kwamba gari liwe na breki ya kuegesha inayolishika mahali pake kwenye mteremko, likiwa linaangalia juu au chini, na likiwa limepakia au tupu. Yanadai pia kwamba breki hiyo ikishavutwa ishikwe na chuma chenyewe. Tena dereva haruhusiwi kuliacha gari bila kuchukua tahadhari zote za kuzuia ajali. Lakini dereva anaposimamishwa barabarani, kinachoulizwa kwanza ni karatasi. Ni mara ngapi ameambiwa: vuta breki ya mkono, ondoa mguu, tuone?

Madereva na wenye magari wana majibu yao, na yanastahili kupimwa moja moja.

Jibu la kwanza: gari linaachwa ndani ya vitesi ya kwanza, hivyo haliwezi kwenda. Ni kweli kwamba vitesi inasaidia, na ni desturi nzuri. Ila kinachoshika hapo ni hewa iliyobanwa ndani ya mota, na mota iliyochakaa huivujisha. Gari linaweza kusogea kidogo kidogo hata likatoka kwenye jiwe lake. Kwa gari la otomatiki, herufi P inategemea kipande kidogo cha chuma ndani ya sanduku la vitesi. Kukibebesha uzito wa gari zima kila siku kwenye mlima ni kukitafutia kifo.

Jibu la pili: hakuna pesa. Hapa kuna ukweli nusu. Kable mpya inagharimu, na garnitire mpya zinagharimu. Lakini breki nyingi za mkono zilizolegea hazijavunjika. Zinahitaji kukazwa tu, na kukaza kunataka kle mbili, turnevisi moja, kriki na muda usiozidi asubuhi moja. Mwenye gari anayepata pesa ya kupaka rangi mpya na kuweka spika kubwa za muziki asiseme hana pesa ya kukaza ekru.

Jibu la tatu: barabara ni mbaya, vumbi na matope vinaharibu kila kitu. Ndiyo, na kwa sababu hiyo hiyo breki ya mkono iangaliwe mara nyingi zaidi hapa kuliko kwenye mji wa lami. Barabara mbaya inaongeza wajibu, haiufuti.

Basi kazi yenyewe ifanyike namna gani nyumbani?

Gari liwekwe mahali tambarare kabisa, uwanjani au kwenye parseli, kamwe lisiwe barabarani. Magurudumu ya mbele yazuiliwe mbele na nyuma kwa vipande vizito vya mti au mawe yaliyokaa vizuri. Hapo jiwe lina kazi yake halali, kwa kuwa breki ya mkono itashushwa na gari halitakuwa ndani ya vitesi yoyote. Nyuma inyanyuliwe kwa kriki, kisha iegemezwe juu ya shandeli za chuma. Kriki peke yake haitoshi, na matofali hupasuka ghafla. Asiye na shandeli asijaribu. Aende garaji yenye shimo.

Sasa gurudumu la nyuma lizungushwe kwa mkono. Ndani ya ngoma yake, ile ambayo mekanisiye anaita tamburi, mna garnitire mbili zinazofunguka na kusugua ukuta wa ngoma. Kadiri zinavyolika, ndivyo zinavyokuwa mbali na ukuta, na ndivyo mpini wa breki unavyopanda juu bila kushika kitu. Hapa ndipo mafundi wa haraka haraka wanapowadanganya watu. Wanakaza kable peke yake, mpini unakuwa mgumu, mteja anafurahi na kulipa. Lakini garnitire zinabaki mahali pabaya, kifaa cha kujirekebisha ndani ya ngoma hakifanyi tena kazi yake, na baada ya muda mfupi mambo yanarudi pale pale. Pengine garnitire zinaanza kusugua wakati wote, ngoma inachemka na mafuta ya gari yanaisha bure.

Kwa hiyo kazi inaanzia kwenye ngoma. Nyuma ya ngoma nyingi kuna tundu dogo lenye kizibo cha mpira. Kwa magari mengine tundu liko kwenye uso wa ngoma. Ndani yake mna gurudumu dogo lenye meno kama nyota. Linasukumwa kwa turnevisi, jino moja moja, mpaka gurudumu la gari lianze kusugua, halafu linarudishwa kidogo mpaka lizunguke bure. Upande wa pili ufanyiwe vivyo hivyo. Kisha pedali ya breki ikanyagwe mara kadhaa ili garnitire zikae mahali pake, na magurudumu yajaribiwe tena. Ngoma ikifunguliwa, vumbi lake lisipulizwe kwa mdomo, maana garnitire za zamani zinaweza kuwa na asbesto inayoharibu mapafu. Lifutwe kwa kitambaa chenye maji.

Baada ya hapo ndipo kable inakazwa. Kwa magari mengi madogo, kifuniko cha plastiki kando ya mpini kikitolewa, zinaonekana ekru mbili kwenye ncha ya kable. Moja inakaza na nyingine inaifunga ya kwanza isilegee. Kwa Toyota nyingi kle ya 10 inafaa. Ile ya kufunga ilegezwe, ile ya kukaza izungushwe kidogo kidogo, na kila mara mpini uvutwe huku meno yakihesabiwa kwa sikio: ta, ta, ta. Magari mengi yanataka kushika kati ya meno 5 na 8. Kitabu cha gari kikiwepo, namba yake ndiyo ya kufuatwa.

Jaribio ni hili. Mpini ukiwa chini kabisa, magurudumu yote mawili ya nyuma yazunguke bure. Mpini ukiwa umevutwa kwa nguvu ya kawaida, yote mawili yakatae kuzunguka, tena kwa usawa. Gurudumu moja likishika na jingine likizunguka, kosa si la ekru. Huenda kable ya upande huo imeshika kutu ndani ya ala yake, au garnitire zimelowa mafuta. Ekru ikifika mwisho wa nyuzi zake na mpini bado unapanda juu, basi kable imevutika au garnitire zimekwisha. Hapo hakuna cha kukaza tena. Kinachobaki ni kubadilisha. Kable iliyofungwa kwa waya au kwa kamba ya mpira wa gurudumu ni jiwe jingine tu lililofichwa chini ya gari.

Mwisho, ekru ya kufunga ikazwe, gari lishushwe, lipelekwe kwenye mteremko mdogo ambako hakuna mtu chini. Mota ikiwa inawaka na mguu ukiwa tayari juu ya pedali, mpini uvutwe na mguu uachiwe polepole. Gari ligeuzwe, lijaribiwe likiangalia upande wa pili pia.

Kazi hii ina mipaka yake. Magari yenye breki ya mkono ya umeme, inayovutwa kwa kubonyeza kidude, hayafuati njia hii. Malori makubwa yenye breki za hewa hayahusiki kabisa, na anayeyagusa bila ujuzi anatafuta kifo. Wala hakuna anayesema jiwe litupwe. Juu ya mlima mkali, gari lililopakia likiwa na breki ya mkono inayoshika, vitesi ya kwanza, magurudumu yaliyogeuzwa kuelekea ukingo, na kipande cha mti nyuma, limewekwa vizuri. Jiwe ni msaidizi. Ubaya ni kumfanya msaidizi kuwa bwana.

Vyama vya madereva vina uwezo wa kumaliza desturi hii bila kungoja serikali. Kila asubuhi, kabla ya gari kupewa zamu kwenye parking, lisimamishwe kwenye mteremko, mpini uvutwe, konvoyeri akae mbali na mikono yake mfukoni. Likiteleza, halipakii mtu siku hiyo. Mwenye gari atakayekosa hesabu ya jioni mara moja tu atapata muda wa kukaza ekru. Polisi wa barabarani nao waongeze swali moja baada ya karatasi.

Kamati za wahamaji na mashirika yanayoleta msaada wasiruhusu gari lolote kupakua mizigo juu ya watu waliopanga mstari. Watu wasimame kando au upande wa juu, chombo chini. Mama muuzaji naye, ingawa hakuchagua kukaa hapo, asipange meza yake moja kwa moja chini ya gari lililoegeshwa, na akiona jiwe nyuma ya gurudumu, ana haki ya kumwuliza dereva kwa sauti: baba, breki yako ya mkono inashika? Dereva atakayekasirika kwa swali hilo amekwisha kulijibu.