Bao si Mchezo wa Wavivu

Mara nyingi twasikia watu waliosoma wakisema: "Bao ni kazi ya wavivu. Mtu mwenye akili hawezi kukaa chini ya mti akihesabu mbegu." Sisi twawajibu waziwazi: mmekosa.

Kwanza, tuutazame mchezo wenyewe. Waluba wauita kisolo, Wanyarwanda igisoro. Igisoro ina safu 4 za mashimo 8, yaani mashimo 32, na kete 64. Kila mchezaji ana safu zake mbili. Hakuna kete iliyofichwa, hakuna dadu ya kurusha. Mchezaji huchukua kete za shimo moja, akazigawa moja moja katika mashimo yanayofuata. Kabla ya kugusa kitu, yampasa ajue kete ya mwisho itaangukia wapi, na mwenzake atajibu nini. Je, hiyo si hesabu? Naye akishindwa, hawezi kusingizia bahati mbaya. Kosa ni lake, na watu wote wameliona. Hivyo hujifunza kufikiri, kungoja zamu yake, na kushindwa bila ugomvi.

Pili, bao halikudharauliwa na wakubwa wetu. Bakuba wa Kasai husimulia kwamba mfalme wao Shyaam, wa karne ya 17, ndiye aliyewaletea mchezo huo ili waache kamari. Sanamu yake ya mti ipo London, katika British Museum, tangu mwaka 1909. Mfalme ameketi, na mbele yake fundi amechonga alama iliyo yake mwenyewe. Alama gani? Ubao wa mchezo! Mfalme angekubali kukumbukwa kwa kitu cha wavivu?

Wengine watasema: "Lakini fulani hucheza tangu asubuhi, na shamba lake limejaa majani." Ni kweli, naye afanya vibaya. Lakini mtu akilewa, twakata migomba? Kosa ni la mtu, si la ubao.

Nasi tuwaulize hao wanaolicheka bao: mbona mwanyamaza mbele ya kamari? Vijana wanatoa fedha ya chakula, wakabahatisha matokeo ya mpira kwa simu. Huko hawajifunzi kitu ila kutamani mali bila jasho. Tena wapo wanaoweka fedha hata juu ya bao. Hao wameigeuza dawa ya Shyaam kuwa ugonjwa.

Basi, enyi wazazi, msingoje mtu wa mbali aje kuwafundisha watoto wenu mchezo wa akili. Mzee anayeujua yupo kijijini, lakini hatakuwapo siku zote. Jioni, kazi ikiisha, chimbeni mashimo katika udongo, okoteni vijiwe, mwiteni mzee huyo aketi pamoja na watoto. Fedha haihitajiwi, wala isiwekwe.