Oldboy Si Sinema ya Nyundo

Nimechoka kusikia Oldboy ikiitwa "ile ya Mkorea na nyundo." Juzi tena, kijiweni Mwananyamala, jamaa anayejisifu kwamba anajua filamu aliimaliza kwa sentensi moja: Wakorea wanapenda damu. Hapana, ndugu yangu. Wewe umeona korido tu.

Na korido yenyewe hukuiangalia. Park Chan-wook aliipiga kwa mkupuo mmoja, bila kukata, baada ya siku 3 za kurudia. Kamera inasogea pembeni kama mpita njia. Choi Min-sik anahema, anaanguka, ana kisu mgongoni, na wanaompiga nao wamechoka. Hakuna shujaa pale. Kuna mtu aliyefungiwa chumbani miaka 15 bila kuambiwa kosa lake. Lakini sisi tumekuzwa na Rambo na Van Damme. Tukiona nyundo tunashangilia.

Nami nilishangilia. Niliiona nikiwa sekondari, kwenye kibanda umiza, mtafsiri akiongea mwanzo mwisho (sina ugomvi na watafsiri, Lufufu alikuwa msanii kweli kweli). Nikatoka nimefurahi, sijaelewa kitu. Hata tuzo ya Grand Prix ya Cannes mwaka 2004 imetuponza: watu walisikia mkuu wa jopo ni Tarantino, wakaenda kutafuta damu.

Sasa, kosa la Oh Dae-su ni nini? Filamu ni ya 2003, asiyeiona anisamehe. Kosa lake ni umbea. Akiwa mwanafunzi aliona siri ya mwenzake na dada yake, akamdokeza rafiki, akahama shule, akasahau. Maneno yakatembea, yakavimba, binti akajiua. Kaka mtu hakusahau. Ndiyo maana mwishoni Dae-su anaukata ulimi wake mwenyewe. Wanaosema ule ni ukatili wa kujionyesha wanieleze, angekata nini kingine?

Sisi wa Kinondoni ndio tulipaswa kuielewa kabla ya Cannes. Nyumba za kupanga, ukuta mmoja, choo kimoja. Habari ya chumba cha tatu inafika barazani chai haijachemka. Lakini kisasi tulichozoea kwenye Bongo Movie kina mwema na mbaya, na mbaya siku zote ni mama mkwe au yule wa kwa mganga. Anayetazama haguswi.

Mimi nimeguswa. Nilianzia kazi gazeti la udaku, silitaji. Niliandika aya nne kuhusu binti aliyeonekana na mume wa mtu. Jina sikuweka, niliweka mtaa na rangi ya mlango. Tulicheka sana siku ile. Baada ya mwezi nilipita pale: mlango umepakwa rangi nyingine, chumba kina mpangaji mwingine. Nikaenda zangu.

Miaka ikapita. Usiku mmoja niliirudia Oldboy peke yangu, bila mtafsiri, na Dae-su alipokuwa akijaribu kukumbuka alimwambia nani nini, nilisimamisha filamu. Mlango ule ulikuwa wa kijani.